Kisahani cha Bi Ruzuna

Kilikuwa cha chai, cheupe, kimemeguka ukingoni.
Nilikiiba kabatini kwa mama, Ruwi, ghorofa ya tatu,
asubuhi ya safari yangu ya kwanza Daymaniyat,
kwa kuwa televisheni ilitupa kamera
ikasahau kutupa kitu cheupe.

Wasiojua hudhani bahari ni buluu.
Bahari ni mwizi.
Mita tano, imeshachukua wekundu.
Mita kumi na tano, rangi ya chungwa huioni;
manjano nayo inakufa polepole.
Siku moja chaza alinipasua kidole
nikaitazama damu yangu ikitoka kijani,
damu ya mtu mwingine kabisa,
nikacheka hadi maji yakaingia kwenye barakoa.

Basi unakishika kisahani mbele ya lenzi,
unaiambia kamera: hiki ndicho cheupe.
Mengine yote yapime kwa hiki.
Nayo husadiki, maskini,
na tumbawe linarudishiwa haki yake.

Miaka ishirini na sita.
Bandar Khayran nimelala kifudifudi mchangani
nikimngoja dome mmoja abadili nia, na rangi.
Ras al Hadd nimemfuata kasa akirudi majini
macho yamejaa mchanga, amechoka kuzaa.
Hallaniyat nilimsikia nyangumi kabla ya kumwona:
si kwa masikio, kwa mbavu.

Juu, mashuani, Khalfan huuliza, "Umepata?"
Namjibu kwa Kiarabu chenye uti wa Kiswahili
na vijana wa sauti wanatazamana.
Chini hakuna lafudhi.
Chini kuna kiganja, ngumi, kidole gumba,
na gumba juu si "safi"; gumba juu ni "tupande".
Pengine ndiyo lugha pekee niliyoisema bila kosa.

Mama alitazama kila kipindi.
Alizima feni asikie vizuri,
akawaita jirani zake, wa Unguja, wa Pemba,
na yule Mbaluchi wa ghorofa ya pili,
akamimina chai, akahesabu visahani, kimoja hakipo,
na mwishoni, jina langu lilipopita mbio kama panya,
akauliza: "Na wewe ulikuwa wapi?"
Nyuma ya kamera, mama.
"Nyuma wapi? Mie nimeona samaki tu."

Ndivyo kazi ilivyo: ukionekana, umeharibu.
Kivuli chako kikilala juu ya tumbawe, futa.
Ncha ya pezi ikipita pembeni, futa.
Thuwaini, mhariri, ana roho ya mkaguzi wa hesabu.

Lakini kuna picha ya potwe, sekunde kumi na moja.
Anakuja mdomo wazi, madoa mgongoni,
na baina ya sekunde ya saba na ya nane
viputo vyangu vinapanda,
vinne vikubwa, na vidogo vinavikimbilia,
vinapita mbele ya jicho lake.
"Hapa tunakata," akasema Thuwaini.
Sikuwahi kumwomba mtu kitu pale kazini.
Nilimwomba.

Alhamisi ile mama aliinuka kitini,
akagusa kioo cha televisheni kwa kidole,
akawaambia jirani zake bila kugeuka:
"Huyo. Huyo ndiye mwanangu. Anapumua."

Sikio la kushoto limekataa sasa.
Daktari ameandika: mita sifuri.
Nakaa na Thuwaini kwenye chumba cha giza
kukata viputo vya vijana, na si vyote navikata.

Kisahani nilimrudishia mwenyewe, kabla hajaugua.
Hakuuliza kilikuwa wapi.
Alikiosha, akamimina chai humo ipoe, akapuliza, akaonja.
"Kina chumvi," akasema.
Akanywa yote.